DAI LA BIMA YA MAISHA NA NAMNA YA KULIMALIZA

Hotuba iliyosomwa na Karani wa Chama mbele ya Mkutano Mkuu wa Mwaka, Kutus



Nimeagizwa na Halmashauri niseme machache juu ya bima ya maisha, na hasa juu ya ugomvi unaozuka baina ya mwenye bima na kampuni wakati wa kulipwa unapofika. Halmashauri iliona kwamba jambo hili lastahili kuandikwa katika kitabu chetu cha mwaka, kwa kuwa wanachama hufika ofisini na barua ya kampuni mkononi wakiuliza maana yake, na mara nyingi huja wakiwa wamekwisha kukata tamaa. Neno langu kubwa leo ni hili: barua ya kukataa yaweza kujibiwa, na mwenye karatasi zake aweza kuijibu vizuri. Asiye na karatasi atapata taabu, hata kama haki ni yake.

Kwanza tukumbushane bima ya maisha ni nini. Ni mapatano. Mtu huahidi kutoa kiasi fulani cha fedha kila mwezi kwa miaka iliyowekwa. Nayo kampuni huahidi kulipa jumla iliyotajwa akifa kabla ya miaka hiyo kwisha, au akifika mwisho wake angali hai. Mapatano hayo yameandikwa katika hati ya bima pamoja na masharti yake. Chama chetu humsaidia mfiwa kwa sababu twamjua, tulikula naye na tulimzika mtu wake. Kampuni haimjui. Yenyewe hutazama maandiko tu, na kwa hiyo anayekwenda kudai kwa kampuni hana budi kwenda na maandiko.

Sasa nitaeleza shauri moja lililopita mikononi mwa ofisi yetu, nalo limekwisha. Sitataja jina la marehemu, wala la kampuni, wala la mwajiri wake, kwa maana mjane ametuomba tusimweke hadharani, na mambo yenyewe yalimalizwa kwa amani.

Mwanachama wetu huyo aliajiriwa kazi si mbali na hapa Kutus. Mwezi wa Julai 2012 alichukua bima ya miaka 15, ya shilingi 300,000. Kila mwezi mwajiri alikata shilingi 1,850 katika mshahara wake na kuzipeleka kwa kampuni pamoja na za wafanya kazi wengine, kwa hundi moja yenye orodha ya majina na namba. Tarehe 19 Juni 2021 akafariki. Mjane alipopeleka taarifa, kampuni ilimwandikia kwamba malipo ya mwisho iliyoyapokea yalikuwa ya Februari 2021. Kwamba siku 30 za kungojewa zilikwisha kupita. Na kwa hiyo hati ilikuwa imepoteza nguvu zake kamili kabla ya kifo. Kampuni ikasema kwamba itamlipa shilingi 173,333 badala ya 300,000.

Wazee wangu, natumaini mtanivumilia katika hesabu hii, kwa sababu ndiyo kiini cha ugomvi. Kampuni haikuokota namba hiyo hewani. Miaka 15 ni miezi 180. Tangu Julai 2012 hata Februari 2021 ni miezi 104. Mtu akiisha kulipa kwa muda wa kutosha, ambao mara nyingi ni miaka 3, kisha akaacha, hati yake haifi kabisa. Hupunguzwa, ikabaki na thamani kwa kadiri ya miezi aliyolipa. Basi chukua shilingi 300,000, zidisha kwa 104, gawanya kwa 180, utapata 173,333. Hesabu ilikuwa sawa. Lililokuwa na shaka ni ule msingi wake, yaani neno kwamba malipo yalikoma mwezi wa Februari.

Mjane alikuja kwetu mwezi wa Septemba. Twamshukuru Mungu kwamba marehemu alikuwa mtu wa utaratibu. Katika sanduku lake zilikuwamo karatasi zake zote za mshahara, na katika zile za Machi, Aprili na Mei 2021 ilionekana wazi kwamba shilingi 1,850 zilikatwa kila mwezi kama kawaida. Miezi mitatu hiyo ni shilingi 5,550 tu. Lakini kwa ajili ya shilingi 5,550 hizo mjane na watoto walikuwa karibu kupoteza shilingi 126,667, mbali na nyongeza za faida zilizoandikwa katika hati.

Jambo la kwanza tulilofanya lilikuwa kumwandikia mwajiri barua ya adabu, kumwomba atuonyeshe orodha zilizokwenda pamoja na hundi za miezi ile. Alizitoa bila ubishi. Ndipo ilipoonekana kwamba tangu Machi namba ya hati ya marehemu ilikuwa imeandikwa vibaya, tarakimu mbili zikiwa zimebadilishana mahali. Fedha zilitoka katika mshahara, zikafika kwa kampuni, lakini hazikuingia katika jina lake.

Wakulima wa kahawa waliomo humu ndani hawatashangaa. Kila mkulima ana namba yake katika kiwanda cha ushirika. Ukipeleka matunda yako jioni, karani akaandika 371 mahali pa 317, kilo zako zimepimwa kweli, lakini atalipwa mwingine. Ndiyo maana mkulima mwenye busara hatoki kiwandani kabla ya kuisoma ile risiti, na huihifadhi mpaka siku ya malipo. Wale wa mpunga kule Mwea nao wajua jambo hilo. Basi tuwe na desturi ile ile katika bima. Wahenga walisema, mali bila daftari hupotea bila habari.

Jambo la pili lilikuwa kuiandikia kampuni. Katika barua hatukulia wala hatukutukana. Tuliandika jina la marehemu, namba ya hati, tarehe ya kifo, na barua yao tunayoijibu. Tukaeleza kwamba fedha za miezi mitatu zilikatwa na kupelekwa, tukaambatisha nakala za karatasi za mshahara na za orodha, tukaonyesha kosa la namba. Mwisho tukauliza maswali mawili: Je, fedha hizo ziliingizwa katika hesabu ya nani? Na ni kwa sharti gani la hati kampuni yakataa kulipa jumla yote, ikiwa fedha ilikuwa mikononi mwake? Nakala halisi zote tulibaki nazo. Majuma matatu yakapita bila jibu. Tukaandika tena, tukaitaja barua ya kwanza kwa tarehe yake.

Jambo la tatu, kampuni iliponyamaza tena, lilikuwa kupeleka malalamiko kwa Mamlaka ya Udhibiti wa Bima, iitwayo IRA, ambayo makao yake makuu yako Nairobi. Ni vema wanachama waijue ofisi hii. Sheria ya Bima, Sura ya 487, ilitungwa mwaka 1984 na kuanza kutumika mwaka 1987. Zamani mambo ya bima yalisimamiwa na Kamishna akiwa ndani ya Wizara ya Fedha; kwa mabadiliko ya sheria ya mwaka 2006 ikaundwa Mamlaka hii, nayo ikaanza kazi mwaka 2007. Katika kazi zake mojawapo ni kulinda haki za wenye bima. Kumlalamikia hakuna malipo, wala hakuhitaji wakili. Mlalamikaji hutakiwa kuonyesha kwamba alianza kwa kampuni yenyewe, na kuambatisha barua zote. Hapo barua zetu mbili, ambazo zilionekana kama hazikufaa kitu, zilifaa sana, kwa maana zilikuwa ushahidi wa kunyamaza kwao.

Mamlaka iliitaka kampuni itoe maelezo. Mwezi wa Januari 2022 kampuni iliandika kwamba imezipata shilingi 5,550 katika hesabu ya fedha zilizopokewa pasipo kujulikana mwenyewe, na kwamba yakubali kulipa shilingi 300,000 pamoja na faida. Nasema kwa haki kwamba hatukuona ndani yake hila ya mtu ye yote. Kosa lilikuwa la kalamu. Lakini kosa la kalamu lisiposahihishwa humnyima yatima chakula sawasawa na wizi.

Ndugu zangu, mtadhani shauri liliishia hapo. Sivyo. Marehemu alipochukua bima hakuwa ameoa, akamwandika mama yake kuwa mpokeaji. Mama huyo alifariki mwaka 2014, na jina halikubadilishwa. Laiti lingeandikwa jina la mke, mke angepokea fedha kwa hati ya kifo, kitambulisho na fomu za kampuni. Kwa kuwa mpokeaji alikuwa amekwisha kufa, fedha zilihesabiwa kuwa katika mirathi ya marehemu, na kampuni haikuweza kumlipa mtu pasipo amri ya mahakama. Hilo nalo si ukaidi. Kampuni ikimlipa asiyestahili yaweza kudaiwa mara ya pili.

Basi mjane alilazimika kupata barua ya chifu yenye kutaja warithi wote, kufungua shauri katika mahakama ya Kerugoya, kungoja tangazo katika Gazeti la Serikali kwa siku 30, kupewa hati ya kusimamia mirathi, na kisha kungoja miezi sita mpaka ithibitishwe. Alipokea fedha zake Septemba 2022. Ugomvi na kampuni ulichukua miezi minne. Jina lililosahauliwa lilichukua muda mrefu kuliko huo. Watoto wawili walikaa nyumbani muhula mmoja kwa kukosa karo. Nawasihi wazee, mtu akioa, akifiwa au akipata mtoto, na aitazame hati yake.

Sasa niseme juu ya sababu nyingine zinazoleta kukataliwa, maana si mashauri yote yafanana na hilo.

Sababu moja ni majibu yasiyo ya kweli katika fomu ya kwanza. Wakala huja jioni, mtu amechoka, wakala akasema, "Nitakujazia, wewe tia sahihi tu." Katika swali la ugonjwa huandika "hapana" kila mahali. Miaka michache baadaye mtu afariki kwa ugonjwa aliokuwa akitibiwa siku ile ya sahihi, na kampuni ikitazama vitabu vya hospitali huona. Dai la namna hiyo ni gumu sana, kwa kuwa sahihi ni ya mwenye bima. Msitie sahihi fomu msiyoisoma au kusomewa kwa lugha mnayoijua. Juu ya umri, kwa kuwa wengi wa wazee wetu walizaliwa kabla ya hati za kuzaliwa kuenea huku, msiogope mno: kosa la miaka peke yake, lisilo la udanganyifu, kwa desturi hurekebishwa kwa kuhesabu upya kiasi cha bima kwa umri wa kweli.

Sababu nyingine ni kumpa wakala fedha mkononi. Wakala aliye mwaminifu hatakasirika ukimwambia kwamba utalipa kwa benki au kwa M-Pesa kwenda namba ya kampuni yenyewe. Malipo ya simu huacha alama; maandishi yake yaweza kutolewa na kampuni ya simu hata miezi kadha baadaye. Fedha ya mkononi haina mdomo.

Yuko atakayeuliza, je, mtu mdogo aweza kushindana na kampuni kubwa? Nitatoa mfano wa mbali. Katika Uingereza ilikuwako jumuiya ya bima iitwayo Equitable Life, iliyoanzishwa mwaka 1762. Iliahidi katika hati zake kiwango maalumu cha malipo ya uzeeni; riba iliposhuka katika miaka ya 1990, ikataka kupunguza nyongeza za wale wenye ahadi hiyo. Shauri likafika katika Baraza la Malodi, na mwezi wa Julai 2000 wazee wa sheria wakaamua kwamba jumuiya haina ruhusa kuizunguka ahadi yake. Ilishindwa na neno lake yenyewe. Lakini mfano huo una upande wa pili: kabla mwaka huo haujaisha jumuiya ilikuwa imefunga milango kwa wateja wapya, na wenye bima wengi walipata hasara, hata serikali yao ikatenga pauni bilioni 1.5 kuwafidia. Fedha za bima ni chungu kimoja cha watu wengi. Kwa hiyo tudai lililo letu bila woga, wala tusimsaidie mtu kudai lisilo lake, hata akiwa mwanachama.

Hapa kwetu pia twakumbuka Kenya National Assurance, iliyokuwa kampuni ya serikali. Ilianguka mwaka 1996 ikawekwa chini ya mfilisi, na walimu, maaskari na makarani wengi waliokuwa wamekatwa mishahara kwa miaka mingi walingoja kwa uchungu. Mwaka 2001 iliundwa kampuni nyingine kuzichukua bima za maisha zilizoachwa na ile ya kwanza. Tangu mwaka 2005 nchi yetu ina Hazina ya Fidia ya Wenye Bima, kwa ajili ya wale ambao kampuni yao imeshindwa kulipa. Lililo muhimu ni kwamba hata huko, aliyesikilizwa kwanza ni yule aliyekuwa na hati na stakabadhi.

Tena, fedha ya bima iliyoiva ikakaa bila mtu kuidai haipotei. Kwa sheria ya mwaka 2011, baada ya muda uliowekwa kampuni hutakiwa kuipeleka kwa Mamlaka ya Mali ya Fedha Zisizodaiwa, iitwayo UFAA, nayo huirudisha kwa mwenyewe au warithi wake bila kuwatoza ada. Kwa hiyo mkiona hati ya zamani katika sanduku la baba, msiichome moto. Ileteni.

Na mtu asiporidhika na uamuzi wa Mamlaka ya Bima, liko Baraza la Rufani za Bima, na nyuma yake ziko mahakama. Lakini asikawie. Dai la mapatano lina miaka sita tu katika sheria yetu, kisha mlango hufungwa. Wakili naye hugharimu fedha. Ni vema kumwendea baada ya njia zisizo na gharama kujaribiwa.

Mwisho, Bwana Mwenyekiti, naleta mapendekezo matatu ya Halmashauri, ili Mkutano uyatazame na kuyakubali au kuyakataa.

La kwanza, Chama kiwe na daftari la bima. Mwanachama apendaye ataandikisha jina la kampuni, namba ya hati, tarehe ya kuanza na ya kuiva, na mahali hati ilipowekwa. Hati yenyewe itabaki nyumbani kwake. Daftari litafungiwa, nalo litafunguliwa mbele ya Mwenyekiti na Mweka Hazina tu.

La pili, kila mwaka kabla ya Mkutano Mkuu, mwanachama mwenye bima aiandikie kampuni kuomba taarifa ya hesabu yake, ailinganishe na karatasi zake za mshahara au za simu, na kuangalia jina la mpokeaji. Kama mwanachama wetu angepata taarifa mwezi wa Mei, kosa lile lingesahihishwa akiwa hai.

La tatu, mume amweleze mkewe. Najua hapa naingia mahali pa wazee, na mimi ni kijana kwao. Wako wanaoona kwamba kutaja bima nyumbani ni kujitabiria kifo, au kwamba mke akijua atatamani fedha. Lakini fedha hii haikukusudiwa kuliwa na aliyeitoa. Aliyekusudiwa asipojua kwamba ipo, ni nani atakayeidai? Mjane niliyemtaja aliweza kuja kwetu kwa sababu mumewe alikuwa amemwonyesha sanduku na kumwambia, "Karatasi hizi usizitupe."

Wazee na ndugu zangu, ofisi i wazi kila Jumatano na Jumamosi asubuhi kwa mwanachama mwenye barua asiyoielewa. Aje nayo mapema, na aje na karatasi zote, hata zile anazoziona hazina maana.